Kufuli la Madrasa ya Bi Hawa

Bi Hawa Muhidini alizaliwa kwenye mikorosho, upande wa Madimba, akaletwa Mtwara mjini na mumewe aliyekuwa akipakia magunia bandarini. Mungu hakuwajaalia mtoto. Marehemu alimwachia nyumba ndogo, na chumba cha mbele Bi Hawa akakifanya madrasa. Miaka ishirini na moja aliwafundisha Kurani wasichana wa mtaa wetu, wala hakudai zaidi ya ndoo ya maji au kuni mbili tatu. Wote aliwaita wanangu.

Mwaka juzi mtendaji wa mtaa, Kassimu, alisema chumba kile kimeingia kwenye eneo la ofisi yake. Akapiga kufuli, misahafu ikiwa ndani. Bi Hawa akaenda mahakamani na karatasi za kiwanja. Hakimu alizisoma, akatoa amri: mtendaji afungue ndani ya siku saba.

Alipopelekewa amri hiyo, Kassimu hakuitazama hata.

"Bibi, karatasi hiyo kafungie vitumbua. Mimi nasubiri maelekezo kutoka juu."

"Haya mwanangu. Na mimi nakusubiri wewe."

Siku saba zikawa miezi saba. Akawa anafundishia barazani, mgongo kwenye ule mlango. Jirani yetu Selemani, fundi baiskeli, akamwambia, "Bi Hawa, nyundo ninayo. Nyumba yako, amri unayo, unangoja nini?"

"Amri imesema afungue yeye. Nikivunja mimi, nitakuwa nimeidharau mahakama kama yeye."

"Basi utazeekea hapo mlangoni."

"Nimeshazeeka, Selemani. Nitishe kwa lingine."

Watu walicheka, lakini wakaanza kukaa mbali. Mtaani kwetu bila barua ya mtendaji huendi popote. Hakuna aliyekatazwa kumleta mtoto kwa Bi Hawa. Ukifika ofisini uliulizwa tu, "Binti yako anasoma wapi Kurani?" Nami niliulizwa hivyo, siku niliyofuata barua ya matibabu. Juma lililofuata nikampeleka mjukuu wangu Zulfa kwa Ustadhi Mustafa, Magomeni, tena tukapita uchochoro wa nyuma ili Bi Hawa asituone. Mwenyezi Mungu alituona.

Wasichana kumi na tisa wakawa sita, sita wakawa wawili, kisha akabaki yeye na mkeka wa kuazima.

Akarudi mahakamani kuomba Kassimu aitwe ajibu kwa kudharau amri. Aliitwa mara mbili, hakwenda. Mara ya tatu akaletwa na polisi. Siku hiyo nilikwenda, nikakaa benchi la nyuma kabisa.

"Amri ilikuwa mkononi mwako," hakimu alisema. "Ulikuwa unamsubiri nani?"

"Mheshimiwa, nilisubiri maelekezo."

"Ya nani?"

Kassimu akatazama viatu vyake. Hakimu akampa hadi adhuhuri: afungue kwa mkono wake, la sivyo anakwenda gerezani. Kisha akamgeukia Bi Hawa. "Mama, una lingine la kuomba?"

"Nataka wanangu warudi."

Hakimu akafunga jalada. "Hao, mama, siwezi kuwaamuru."

Kufuli lilikuwa limeliwa na kutu, ufunguo haukuzunguka. Kassimu akaazima nyundo kwa Selemani, akalivunja mwenyewe huku karani wa mahakama akiandika. Aliomba radhi. Bi Hawa akamjibu, "Nimekusamehe," akaingia. Mchwa walikuwa wamekula misahafu, yamebaki majalada. Alikusanya mabaki katika kanga safi, akayazika nyuma ya nyumba. Mtu wa kumshikia jembe hakuwepo. Nilimwona kutoka dirishani kwangu, nikashindwa kutoka.

Kesho yake baada ya alasiri alifungua mlango, akatandika mkeka, akaketi. Nikamwambia Zulfa, "Vaa mtandio, nenda kwa Bi Hawa."

"Bibi, kule kwa Ustadhi nimeshafika juzuu ya pili. Na wenzangu wote wako kule."

Kule nilimpeleka mimi. Akachukua mfuko wake, akashika njia ya Magomeni. Alipita barabara kubwa, mbele ya madrasa, kwa kuwa hakujua kwa nini ajifiche. Nikamsikia akiamkia, "Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu. Unapita tu?"

"Napita."

"Haya. Wasalimie."