Kinu Kitupu

Juzi mjukuu wangu alileta mashine ya kunasa sauti, akataka nimtajie walionyongwa na Wajerumani hapa kwetu mlimani. Majina yakagoma kuja. Nikamwambia, "Niletee kinu kwanza."

Alasiri moja nilipokuwa mtoto, uani kulinuka mahindi ya kuungua, maana ghala letu lilikuwa limechomwa moto. Bibi yangu na wanawake wenzake walitwanga huku wakiimba majina ya watu, kila pigo la mchi na jina lake. Askari wa Mjerumani alisimama karibu, akitikisa kichwa kufuata mdundo. Sikujua kwamba kuwalilia walionyongwa kulikatazwa. Nilidhani njaa imemvuruga bibi akili.

"Bibi, mbona mnatwanga kinu kitupu?"

Michi ikanyamaza. Askari akaja polepole, akainama, akachungulia ndani ya kinu.

"Kumbe mnawalilia," alisema.

Bibi alinigeukia mimi. "Umeyashika majina yote, mjukuu wangu?"

Niliitikia kwa furaha, nikidhani ananisifu. Askari akaondoka na bibi.

Kesho yake wanawake walitwanga tena, na jina la mwisho lilikuwa la bibi.