Kitanda cha Bibi cha Kufumia Muda

Juzi niliroweka mihogo kwenye ndoo nikaisahau. Siku ya tano nilipofunua kifuniko, harufu ilinirudisha Kasulo, kwenye chumba cha nyuma cha bibi yangu mzaa mama aliyekuwa akinilea nilipokuwa na miaka tisa.

Ninyi mliozaliwa baadaye hamkuviona vitanda vile. Karibu kila nyumba kwetu ilikuwa na kimoja: fremu ya mbao yenye nyuzi za kijivu, ya kufumia muda. Bibi alipokaa kufuma, jua lilisimama juu ya kilima, maharage yakapata kukauka, na mgeni aliyechelewa akakuta chakula bado cha moto. Hakuna aliyeona ajabu.

Kisha vikaanza kuoza, na hadi leo hakuna ajuaye kwa nini. Tulisikia kwanza kwamba huko Nyabusozi nyuzi zinalowa zenyewe. Mwaka uliofuata ikawa zamu yetu. Kitanda cha Bibi kilitoa ute wa manjano, mzito kama kamasi za mtoto mwenye mafua. Mbao zililainika, ukibonyeza, kidole kinazama. Hata muda wenyewe ulichacha: ulikunywa uji wa asubuhi ukapata ladha ya uji wa juzi. Jogoo wetu aliwika saa nane mchana, akaona aibu, akajificha uvunguni. Majirani walivitupa vyao bondeni, nzi wakafanya sherehe.

Bibi alikataa kukitupa chake. Kila Jumamosi aliniita tukikwangue kwa majivu. Nilibana pua kwa kanga, na mara mbili nilimtapikia miguuni.

“Tapika, halafu uendelee,” alisema. Nilidhani uzee umemwondolea pua.

Ndipo Babu, aliyekuwa akiugua chumba cha pili, akazidiwa. Mama, binti yao wa pekee, alikuwa ameolewa Biharamulo. Alipigiwa simu asubuhi, akapanda gari. Mchana Babu akaanza kuvuta pumzi moja moja huku akimtaja binti yake. Bibi akakaa kwenye kitanda chake cha kufumia, akanipa ncha za nyuzi.

“Shika hizi, mjukuu wangu. Mama yako ameshapita Nyakahura. Usiachie mpaka nikuambie.”

Nikashika. Jua likasimama, na chumba cha pili pumzi ya Babu ikasubiri. Lakini ute ukaanza kunitiririkia, vuguvugu, kutoka kiganjani hadi kwapani, na ndani yake kulikuwa na funza weupe wakijinyonganyonga. Mmoja alipanda shingoni, akaelekea mdomoni.

Niliachia.

Nyuzi zilikatika zote kwa pamoja. Jua liliporomoka, na Babu akamaliza pumzi yake. Mama aliwakuta wanawake wameshaanza kulia. Mkononi alikuwa na mfuko wa machungwa aliyomletea baba yake.

Nilikwenda kuoga, nikajisugua kwa jiwe mpaka ngozi ikachubuka.

Baada ya maziko Mama alinichukua Biharamulo. Kasulo tulikwenda kwa nadra, na kila tulipofika alimpa Bibi shikamoo akiwa mlangoni, asikae wala asile. Bibi aliitika marahaba, akarudi jikoni. Nilidhani ni uchungu wa msiba. Bibi akafariki, mambo yakiwa hivyo hivyo.

Mwaka jana Mama alipatwa na kiharusi, nikawa namwogesha. Siku moja, nikimfuta mgongo, nilimwambia, “Mama, siku ile aliyeachia nyuzi ni mimi.”

Aligeuza kichwa anitazame.

“Bibi yako aliniambia ni yeye,” alisema, maneno yakitoka kwa shida. “Alisema mikono ilimchoka. Nami sikumsamehe. Mama yangu mzazi.”

Nilikamua kitambaa, nikaendelea kumfuta. Utotoni niliamini Bibi hakuniona nikiachia. Kumbe aliniona, akachagua kuchukiwa na binti yake ili nisichukiwe mimi. Nimewahi kuona kinyaa cha vitu vingi. Hiki ninachojionea mwenyewe bado sijajua nikipeleke wapi.