Machozi Kwenye Kaunta ya Voi

Jumatatu nilikuwa kwenye foleni ya vibali katika ofisi ya serikali pale Voi. Mbele yangu alisimama mwigizaji, mkimbizi kutoka Uganda, anayetengeneza filamu yake mwenyewe kwa kamera ya kuazima. Bila kibali cha kupiga picha, filamu imekwama.

"Ati wewe ni mwigizaji?" karani akamuuliza, ameegemea kiti. "Haya, lia tuone."

Jamaa akavua kofia, akaita "Mama!" mara moja tu, machozi yakamtiririka. Mama mmoja wa Bura akaweka chini kikapu chake cha kabeji, akamshika mkono akalia naye, kama tufanyavyo matangani. Wanaume wote wakavua kofia. Karani mwenyewe akapenga kamasi.

"Pole, ndugu. Mama alifariki lini?"

"Yuko Kampala, mzima kabisa."

"Kumbe mwongo! Kibali hupati."

Mimi ni mtu wa midahalo, nikafungua mdomo nimmwagie karani hoja zangu. Yule mama akanitangulia, akatua kikapu juu ya kaunta.

"Si wewe ulimwambia alie? Amelia. Na mimi nimelia bure. Gonga muhuri, baba."

Akagonga. Nami nauliza: karani naye ataambiwa lini aonyeshe kazi yake kabla ya kupewa kile kiti?