Kiganja Katika Ukuta wa Kaskazini

Saa kumi na mbili asubuhi, ukungu ungali umelala juu ya vigae vya kanisa la Lwemba, katika milima ya Iringa. Lusia Kalinga anafungua mlango wa ubavuni. Anachovya vidole katika maji ya baraka, anapiga goti, kisha anashika ufagio. Anapofika ukuta wa kaskazini anasimama.

"Kamwene, mama," anasalimia kwa Kihehe.

Ndani hamna mtu mwingine.

Lusia, mjane wa miaka hamsini, ndiye mfagiaji wa kanisa hili. Parokia humpa shilingi kumi na tano kwa mwezi. Alikuwa mtoto mdogo wanakijiji walipolijenga, kabla ya vita ya kwanza ya Wazungu. Wanaume waliinua kuta nene na matao ya madirisha. Wanawake walifyatua matofali na kuyabeba vichwani.

Mama yake, Paskalina, hakuwa na subira. Alibonyeza tofali aone kama limekauka, kumbe bado bichi. Kiganja kikabaki humo, kidole cha shahada kikiwa kifupi, maana ncha yake ilikatwa na mundu.

Tofali likachomwa, likajengewa. Vita ilipofika, Paskalina alichukuliwa kubeba mizigo ya askari. Hakurudi.

Kila Novemba, siku ya kuwaombea marehemu wote, Wakristo wa hapa huenda na majembe kupalilia makaburi ya watu wao.

"Na mimi hubeba jembe, nikawasaidia wenzangu," anasema Lusia. "Pangu pa kupalilia sina."

Chokaa haikushika juu ya tofali lile. Mvua zikianza ilibanduka, kiganja kikatokea kimelowa, na ukuta wote mkavu. Fundi Didas anasema halikuiva tanurini, ndiyo maana lilinyonya maji. Mwezi huu wa Oktoba, 1957, alitumwa aling'oe, kwa kuwa askofu anakuja.

"Mama, ukuta ukikuitikia uniambie mapema, nikimbie," Didas alimtania siku hiyo.

"Ukimbie na mguu huo mbovu? Ng'oa taratibu. Na tofali unipe mimi."

Sasa limo chini ya kitanda chake, limefungwa katika kaniki. Padri amekubali lizikwe makaburini siku ya marehemu, chini ya msalaba wenye jina la Paskalina.

Tofali jipya Didas alilichagua mwenyewe, limeiva vizuri, akalipaka chokaa. Mvua ya kwanza ilinyesha juzi.

Asubuhi hii Lusia anainua taa ya chemli. Juu ya weupe kuna unyevu, michirizi mitano iliyotawanyika kama vidole. Mmoja, ule ulio jirani na gumba, ni mfupi.

Didas, aliyeingia na ndoo yake, anatazama, anavua kofia. Leo hatanii.

"Hajajua kwamba amepata kwake," Lusia anamwambia kwa sauti ya chini. "Nikishamzika, nitarudi hapa nimweleze."

Kisha anainama, anaendelea kufagia.