Kapita Alipovua Kofia

Bado naiona asubuhi ile ya mjini Baraka, mwanangu, wewe unayeniuliza namna ya kuandika filamu juu ya historia ya nchi yetu. Nilikuwa kijana, nimemaliza sekondari juzijuzi, na filamu yangu ya kwanza ilieleza jinsi wazee wetu walivyolimishwa pamba kwa nguvu wakati wa Wabelgiji. Wapiga picha walikuwa wamekuja kutoka Bukavu na wangerudi baada ya siku chache. Watu wa kuigiza wakulima walijaa uani kwa shangazi yangu, Mama Mauwa. Alikosekana mmoja tu: kapita, yule mwenzetu aliyesimamia mashamba na kuchapa watu.

Nilimwomba Asukulu, mvuvi wa kijiji cha Mboko, mwenye kifua kipana na sauti ya kuita watu ng'ambo ya ziwa. Akaigeuzageuza kofia ya kapita mikononi, akanirudishia.

"Mi nakataa, ndugu. Nikivaa hii, batoto ba Mboko bataniita Kapita mupaka nizeeke. Na muke yangu ndiye ataanza."

Watu wakacheka. Mimi sikucheka, maana bila kapita hakuna filamu. Nikaanza kumhubiria habari za taifa. Shangazi, aliyekuwa anamenya mihogo, akanikatiza.

"We mutoto, huyu kapita yako anakula wapi?"

"Shangazi, hiyo haiko mu filamu."

"Ndiyo maana banamukimbia. Umemupa fimbo, haukumupa nyumba. Ule mwenye alichapa baba yangu alikuwa na dada. Nilimujua."

Nikakaa papo hapo nikaandika tukio jipya: kapita anafika kwa dada yake jioni, ana njaa, na dada anaizuia sahani. "Vua kofia kwanza. Mu hii nyumba hatulishi kapita, tunalisha mutoto wa mama."

Asukulu akasoma, akarudia kusoma, akanyoosha mkono kuomba kofia. Dada akaigizwa na shangazi mwenyewe.

Tulipoionyesha filamu pale Baraka, watu walimzomea kapita shambani. Ilipofika sahani, waliacha kuzomea, wakaanza kumwita avue kofia. Jina nalo lilimganda Asukulu, kama alivyoogopa. Lakini kila nikipita Mboko nasikia watoto wakimwita, "Kapita, vua kofia!" Naye anaivua, anacheka.

Nimezunguka sana tangu hapo, Uvira, Bujumbura, Kigoma, na nimeandika filamu nyingine. Kila nikimfikia mtu aliyeumiza wenzake, naanza na swali lile la shangazi. Basi na wewe, mwanangu, usimfichie mtu fimbo yake. Andika kila pigo. Ila mwandikie pia nyumba. Aliyemchapa babu yako alitoka kwenye ua kama huu wetu, na watazamaji wako wanapaswa kujua kwamba mwingine anaweza kutoka humo kesho.

Mungu aubariki mkono wako. Na popote kazi itakapokupeleka, asikosekane mtu wa kukuzuilia sahani mpaka uvue kofia.