Mtungi wa Mvunguni

Nakumbuka Jumamosi moja, mabomba ya mtaa wetu wa Shauri Moyo yakiwa makavu siku ya tatu, nilipoinama mvunguni mwa kitanda cha nyanya yangu nikatoa mtungi wa lita tano. Wahenga walisema ukitaka cha mvunguni sharti uiname. Hawakusema cha mvunguni ni cha nani.

Mwanangu, mtoto wa dada yangu ni wangu, kwa hiyo nivumilie nikuite hivyo ingawa sina hata unywele mmoja mweupe. Juzi ulipotoka chuoni ukakitazama kile kibakuli cha maji ya baraka kilichopigiliwa mlangoni kwa mama yako, ukauliza kama kinafukuza mbu. Nilicheka. Swali hilo niliwahi kuliuliza mimi pia, tena mlangoni pale pale, nyumba ilipokuwa bado ya nyanya yangu.

Mtungi ule ulikuwa na maji ya Pasaka, yale yanayobarikiwa na padri. Kukhu, ndivyo tulivyomwita nyanya, aliujaza kanisani kila mwaka na kuubandika msalaba wa plasta. Kila asubuhi alitia kidogo kibakulini, na katika jumuiya yetu ya kanisa yeye ndiye aliyewapelekea wagonjwa maji hayo. Mimi nilikuwa nimemaliza digrii ya kemia. Maji ni maji, nilisema. Jumatatu nilikuwa na mahojiano ya kazi, na blauzi yangu nyeupe ilikuwa na doa la mchuzi. Nikaifua kwa maji ya Pasaka, na muuza maji wa mkokoteni alipopita nikanunua mengine, nikaujaza mtungi na kuurudisha. Nilijiambia huo ni utafiti: tuone nani atatambua tofauti.

Alasiri akaja binti wa Mzee Barasa, jirani yetu aliyestaafu kazi ya reli. Baba yake alikuwa amekataa hata uji. Alichotaka ni maji ya Pasaka tu. Kukhu akajifunga leso, akabeba mtungi. Mlangoni akachovya kidole, akafanya ishara ya msalaba, kisha akaninong'oneza nimshike mkono kwenye ngazi.

"Kukhu," nikasema, "hayo ni ya mkokoteni."

Akautua mtungi. "Ya Pasaka yako wapi?"

"Nimefulia blauzi."

"Doa limetoka?"

"Limetoka."

"Haya. Nenda umwambie Barasa mwenyewe, halafu ukimbie parokiani ulete mengine."

Nikamwambia Kukhu kwamba Mzee hawezi kujua tofauti.

"Yeye hawezi. Wewe unajua," akasema. "Na kama ungeniuliza, mjukuu wangu, nyuma ya mlango wa jikoni kuna nusu ndoo ya maji niliyokufunikia tangu Alhamisi. Ya hiyo blauzi."

Mzee Barasa alinisikiliza kitandani kwake, macho yamefumbwa. "Kule reli," akasema polepole, "mtu akigeuza njia bila kumwambia dereva, hatukumuuliza sababu. Tulimfukuza." Akapumua. "Wewe kimbia. Nitangoja."

Alingoja. Nilimpaka maji yale kwenye kipaji cha uso kwa kidole changu, nikiwa bado nahema. Akaomba uji, akanywa vijiko viwili. Siku ya tatu akafariki. Maji hayakumponya, wala hakuwa ameyaomba yamponye.

Mwanangu, hadi leo siamini, na sikuambii uamini. Uliza kila kitu. Mficha uchi hazai. Shaka yako iweke mezani mbele ya mwenye chombo, mbishane mpaka chai ipoe. Lakini usimbadilishie mtu kitu chake akiwa amekupa mgongo, hata ukiwa na hakika kwamba hakina maana. Nilidhani napima maji. Nilichokuwa nikipima ni jinsi Kukhu alivyoniamini, na nusu ndoo ile ilinijibu.

Mungu akulinde, kama yupo. Na awepo asiwepo, nyumba utakazoishi zisikaukiwe maji, na kila utakakolala kuwe na mtu wa kukufunikia nusu ndoo. Ukipita mlangoni kwa mama yako, chovya kidole au pita tu. Ila ukikuta kibakuli ni kikavu, mwite mwenyewe aje akijaze.