Siku Mfongo Ulipokosa Watu

Ukitaka kumjua Efraimu, ujue kwanza mfongo wake. Ni mfereji tu, mtoto anauruka, lakini babu zake waliuchimba kwa miti iliyochongwa ncha. Waliyashika maji ya korongoni kule msituni wakayashusha, bila bomba wala pampu, mpaka kwenye kahawa na migomba ya ukoo mzima. Wana wa ukoo waliohamia mjini, wakipanda mlimani kula Krismasi, walipita mfongoni kwanza, wakanawa uso na kucheka kama watoto. Efraimu ndiye mzee wa mfongo, kama baba yake: yeye hugawa zamu, yeye huita watu kazini kwa baragumu.

Mwaka huu masika yalibomoa banio, pale maji yanapoingilia. Efraimu akapuliza baragumu mpaka mashavu yakauma. Wapi! Vijana wako mijini, Himo na Njoro, na bodaboda zao, na waliobaki wana maji ya bomba. Akatokea mmoja tu, Mektrida, mjane wa mdogo wake, jembe begani.

“Shikamoo shemeji. Wanaume wako wapi?”

“Marahaba. Rudi nyumbani, Mektrida. Mwanamke hakanyagi banio.”

“Haya, wasubiri hao wenye ndevu. Labda bado wanazinyoa.”

Efraimu alicheka, lakini hakumwita arudi. Ndivyo alivyofunzwa tangu utoto: mwanamke akikanyaga banio, maji hukasirika yakahama. Akapambana na mawe peke yake. Akiinua moja, jingine linaporomoka. Kiangazi kikaingia, mfongo ukajaa vumbi na majani makavu. Maji yalihama vilevile, jamani, na hakuna mwanamke aliyekanyaga banio.

Hapo ndipo alipoumeza mwiko wake, akashuka kwa Mektrida. Alimkuta kihambani, shamba la nyumbani kwake, anang'oa mibuni, ile aliyoipanda marehemu mumewe walipooana.

“Shemeji, twende banioni. Nilikosea.”

Mektrida hakuinua kichwa. “Imekauka na matunda yake, shemeji. Siku ile ungeniita, ningelala huko huko kwenye mawe. Sasa hayo maji yaje kunywesha nini?”

Mbuni mmoja ulikuwa umegoma, mizizi imeng'ang'ania udongo. Efraimu akavua koti, akashika shina upande wa pili. Wakavuta wote wawili mpaka likatoka.